Jina Ulilolifuta Kwenye Wimbo wa Mama

Mit wangu mpendwa,

Bado nakuita hivyo. Mazoea yana taabu. Ni wewe uliyenieleza kwamba kwenu Nepal watu wawili wasiozaliwa pamoja wanaweza kula kiapo wakawa mit, ndugu kuliko ndugu, na tangu siku hiyo hawaitani tena kwa majina. Mama wa mmoja anakuwa mama wa wote wawili. Tulikula kiapo huku ughaibuni, mtaa wa Anderlecht, kwenye ghala tulilofanyia mazoezi ya bendi. Mimi nilikupa saa yangu, wewe ukanipa madal, ngoma yako ya kufunga kiunoni. Wenzetu walitucheka. Mimi sikucheka, na jina lako sijalitaja tangu hapo.

Ulichukua nyimbo za wazee wenu ukazitia gitaa la umeme, na ulipopiga, hata mimi mtu wa Kivu nilijikuta natamani milima nisiyoijua. Halafu nyimbo zikaanza kukukauka, ukawa unashinda kwetu kila Jumapili. Mama alikupakulia sombe, kisamvu cha kwetu, kisha akaimba ule wimbo aliombembelezea mdogo wangu Furaha, aliyetufia njiani tulipokimbia vita. Kila ubeti unaishia kwa kumwita jina. Wewe uliketi sakafuni na kinasa sauti chako.

"Maman, imba tena, doucement, polepole," ulimwambia.

"Bon, sikiliza muzuri, mutoto wangu. Apa kwa jina, usikimbie."

Juzi nimeingia duka la kanda karibu na Porte de Namur nikasikia sauti yako kwenye spika. Nilifurahi kama mjinga, mpaka nilipoutambua wimbo. Maneno umeyatia Kinepali, gitaa linaunguruma, na pale anapoitwa Furaha umeweka jina la ule mto wa kwenu uliozoea kunisimulia. Kwenye jalada umeandika kwamba ni wimbo wa kale wa kijijini kwenu. Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako. Mimi hiyo nguo nilikuvisha mwenyewe.

Nina uchungu nawe, mit. Ungeomba, Mama angekupa wimbo mzima bila kinyongo. Alichokuwa nacho cha Furaha kilikuwa ni hicho tu, kwa sababu hata kaburi hatukuliacha na alama.

Niliinunua ile kanda nikampelekea. Nakiri nilitaka naye akukasirikie, nisibaki na hasira peke yangu. Alisikiliza hadi mwisho, mikono mapajani, kisha akatabasamu.

"Uyu mutoto alisahau jina," akasema. "Haina neno. Siku atakuja, nitamufundisha tena."

Kila Jumapili bado anakubakizia sombe kwenye sufuria ndogo. Anauliza kama una kazi nyingi. Mimi sina moyo wa kumweleza.

Njoo umwambie wewe mwenyewe kwamba hukusahau.

Kwaheri, Prakash.

Kaka yake Furaha