Ufagio Mlangoni kwa Lorentsen

MAELEZO YA SHAHIDI

Kituo: Polisi Tromsø
Tarehe na saa ya kuandikwa: 27 Januari 2023, kuanzia saa nne kamili asubuhi
Jina la shahidi: Gunnvor Elvestad
Umri: miaka 54
Kazi: dereva na mwongoza watalii
Makazi: Kvaløya
Mwandishi wa maelezo: Konstebo Aslak Hætta
Kuhusu: Alfhild Lorentsen, miaka 83, kuondolewa kwenye nyumba ya kulelea wazee bila idhini

Mimi ndiye mwenye jina hilo hapo juu. Nina akili timamu, sijanywa kitu zaidi ya kahawa, na nasema haya kwa hiari yangu. Kwa miaka kumi na tisa nimekuwa nikiwatembeza wageni kwenye ghuba zetu wakati wa baridi, kutoka asubuhi na kurudi jioni, na sijawahi kupoteza abiria. Jana nilipoteza wawili kwa dakika ishirini na saba.

Mnamo tarehe 26 Januari 2023, saa tatu kasoro dakika kumi asubuhi, nilikuwa bandarini kwenye basi langu dogo nikihesabu abiria. Walikuwa saba. Wanne ni vijana wa Kijerumani waliokuja kupiga picha. Wa tano ni mama wa Kihispania aitwaye Remedios, mtu mzima kunizidi, mwenye maneno mengi na mikono inayosema kuliko mdomo. Tulielewana kwa Kiingereza cha kuungaunga.

Waliobaki wawili ni mzee Edvin Lorentsen, miaka 86, na mke wake Alfhild. Mzee alinipigia simu wiki moja kabla, akataka viti viwili vya mbele. Nilishangaa, maana mtu wa huku hapandi basi la watalii kwenda kutazama milima aliyozaliwa chini yake. Nilimwuliza, akanijibu, "Tangu watu wahame Vessfjord, basi la kawaida halifiki. Na leseni yangu wameichukua, eti macho. Umebaki wewe."

Pale bandarini nilimwona mzee amepiga magoti kwenye barafu anambadilisha mkewe viatu. Alimvua ndara za ndani, akamvisha buti za ngozi za kizamani zilizopakwa mafuta vizuri. Nikainama nimsaidie mama kupanda, na kwenye kola ya koti lake nikaona kitambaa kimeshonwa: A. Lorentsen, chumba 14.

Konstebo ameniuliza kama nilielewa maana yake. Nilielewa vizuri sana. Mama yangu mzazi alikuwa na kitambaa kama hicho kwenye sweta mpaka anafariki.

Nikamwuliza, "Mzee, wenyewe wanajua mko huku?"

"Wanajua tumetoka kutembea kidogo."

"Kutembea mpaka wapi?"

"We binti, wewe ni dereva au mkuu wa wilaya?"

Nikacheka, nikafunga mlango, nikaondoa gari. Sikupiga simu popote. Kosa hilo ni langu, na naomba liandikwe kwa jina langu, lisiandikwe kwa jina lake.

Saa tatu na dakika tano tulikuwa njiani. Baridi ilikuwa nyuzi kumi na moja chini ya sifuri, hakuna upepo. Mzee alikuwa ameshika mapajani mfuko wa karatasi wenye maandazi ya jamu, yale yanayoliwa siku jua linaporudi baada ya giza la majira ya baridi. Remedios aliyanusa, akanyoosha mkono. Mzee akaufunga mfuko.

"Mama, haya yana mwenyewe."

"Nani?"

"Jua. Huku mjini limesharudi tangu wiki iliyopita, lakini kwetu kuna mlima. Kwetu linafika leo. Miaka hamsini na minane tumelipokea mezani, mimi na huyu."

Alfhild hakuonekana kusikia. Alitazama nje muda mrefu, kisha akamgeukia mumewe kwa adabu, kama mtu anavyomgeukia jirani wa kitini.

"Kaka, wewe unashukia wapi?"

"Pale utakaposhuka wewe, bibie."

"Usinichezee. Mimi nina mume."

"Najua," mzee akasema. "Ana bahati huyo."

Mimi nikaangalia barabara. Nilikuwa na sababu ya kuangalia barabara, maana macho yangu hayakuwa mazuri wakati ule. Baadaye mzee aliniambia kwa sauti ya chini kwamba ni miezi kumi na minne mkewe hajamtaja kwa jina, na kwamba alitaka kujaribu mara moja tu, meza ileile, siku ileile. Mwakani huenda asiweze kutembea. Aliomba ruhusa ya kumpeleka tangu Novemba, wakamkatalia kwa sababu ya baridi.

Saa tano na robo tulifika mwisho wa barabara Vessfjord. Pale pamebaki gati, banda la mashua na nyumba tatu, na hakuna anayekaa wakati wa baridi. Niliegesha karibu na gati, nikawagawia wageni supu ya samaki kwenye vikombe, nikawaambia wasipande kwenye mawe ya pwani kwa sababu yana barafu. Wajerumani walikuwa wanabishana na kamera zao. Nilikwenda kuwasaidia kufunga miguu ya kamera kwenye theluji.

Saa tano na dakika thelathini na mbili nilihesabu watu. Walikuwa watano.

Nilifuata nyayo. Buti kubwa na buti ndogo, zikienda sambamba mpaka kwenye ngazi za nyumba ya kwanza, ile nyekundu, ya kina Lorentsen. Mlangoni ufagio ulikuwa umeegemezwa, fimbo imekatiza mlango. Nikasimama pale chini ya ngazi, sikupanda.

Konstebo ni mtu wa huku, anajua kwa nini, lakini amesema niandikishe kwa ajili ya watakaosoma wakiwa mbali. Kwetu ghubani milango haitiwi ufunguo. Mwenye nyumba akitoka anaegemeza ufagio mlangoni, na kila mpita njia anajua hakuna mtu, asijisumbue kugonga. Hata kuchungulia dirishani ni aibu. Nimelelewa hivyo, na mkono wangu haukuweza kuugusa ufagio wa watu. Nikajiambia, ufagio haujaguswa, basi hawakuingia, wamegeuka.

Na kweli nyayo ziligeuka. Zilizunguka kona ya nyumba, zikashuka moja kwa moja hadi baharini, zikaishia kwenye mawe yaliyooshwa na maji.

Nilikaa kwenye theluji. Nilifikiria mzee wa miaka themanini na sita, mke asiyemjua, na maji ya nyuzi tatu. Mungu anisamehe, nilidhani nimewaendesha mimi mwenyewe mpaka kwenye kifo chao, tena nikiwachekea.

Saa tano na dakika arobaini na moja nilipiga simu ya dharura. Aliyepokea aliniambia kwamba nyumba ya wazee ilikwisha kutoa taarifa ya mtu aliyepotea tangu saa nne, na kwamba helikopta inaandaliwa. Nikakimbilia upande wa gati nikiita, nikafungua banda la mashua, nikalala kifudifudi gatini nikitazama chini ya maji. Wajerumani waliacha kamera wakanisaidia kuita. Hakuna aliyeitika.

Saa tano na dakika hamsini na tano jua lilitokeza kwenye pengo la mlima. Theluji yote ikawa ya waridi, rangi ya ndani ya samaki wa salmoni. Ni jambo zuri kupita yote ninayowaonyesha wageni, na jana nilililia kwa hasira. Nililiambia jua, "Umekuja kumtazama nani sasa?" Wajerumani walisikia, lakini hawajui lugha.

Wakati huo Remedios alikuwa amebanwa na haja tangu njiani. Alikuwa ameniambia mara mbili nami sikumjibu. Nilipogeuka nilimwona yuko juu ya ngazi za kina Lorentsen, ameshika ufagio mkononi.

Nikapiga kelele, "Mama, hapana! Usiingie! Wenyewe hawapo!"

Akanijibu kwa sauti kubwa, "Kama hawapo, basi hawatajali nikikojoa!"

Akafungua mlango akaingia. Nilimfuata mbio, nikiwa tayari kumvuta kwa koti. Kabla sijafika, alirudi mlangoni, kidole mdomoni, na kwa mara ya kwanza siku nzima alikuwa kimya. Akaniita kwa mkono. Ilikuwa saa sita kasoro dakika moja.

Nilichokiona ni hiki. Jikoni, upande wa baharini, Edvin na Alfhild walikuwa wamekaa mezani na makoti yao, mablanketi magotini. Mlango wa nyuma, wa kwenye mawe, ulikuwa umerudishiwa. Jua lilikuwa limeingia dirishani na kukaa juu ya kitambaa cha meza, katikati yao, upana wa sinia. Maandazi yalikuwa ndani ya jua hilo. Alfhild alikuwa ameweka mikono yake humo pia.

Baadaye mzee alinieleza kuhusu nyayo. Walipofika kwenye ngazi, Alfhild alikataa kata kata kuingia. Alisema, "Hatuwezi, wenyewe hawapo." Mzee akamwambia hii ni nyumba yako, ufagio huu uliuweka wewe miaka sita iliyopita. Hakukubali kuingia kwa watu kupitia mlango wenye ufagio, wala hakukubali ufagio uguswe. Basi akamzungusha kwa nyuma, wakapita juu ya mawe yasiyoshika nyayo mpaka kwenye mlango wa nyuma, ambako hakuna ufagio. Kwa maneno mengine, mama huyu amesahau nyumba na mume, lakini adabu ya ghuba hajaisahau. Kuhusu kuita kwangu, mzee hasikii vizuri. Alfhild alisikia, akamwambia kuna wavuvi wanaitana huko gatini.

Tuliposimama pale jikoni, mimi nikiwa na theluji mpaka kwenye nywele na Remedios na ufagio wake, Alfhild aliinua uso. Alitutazama, akatazama sakafu, akaona vumbi na makombo. Akakunja uso.

Akasema, "Edvin! Wageni wamefika, na nyumba haijafagiliwa. Uko wapi ufagio wangu?"

Naapa hayo ndiyo maneno yake. Alimtaja jina. Mzee aliweka kiganja chake chote usoni, mabega yakawa yanatikisika.

Remedios hakuelewa hata neno moja, ila alielewa. Alimpa ufagio. Alfhild akainuka, akafagia chini ya meza, kwa mapigo mafupi ya mtu anayejua kona zake zote, huku akimgombeza mumewe: kuni hujaleta, wageni wamesimama, unalia nini na wewe, vua hiyo kofia. Mzee akaivua kofia. Akasema, "Ndiyo, mama. Ndiyo, mama."

Kisha Alfhild akatukaribisha. Akakata maandazi nusu nusu ili yatoshe, akatuma Wajerumani waitwe. Saa sita na dakika nne jua liliondoka mezani. Nilikuwa nimeshapiga simu, saa sita na dakika moja, kusema wamepatikana wazima na helikopta isije. Konstebo ameuliza kwa nini basi sikuondoka pale mpaka saa saba kasoro dakika ishirini. Nilikuwa nakula andazi kwa Alfhild Lorentsen. Andika hivyo hivyo.

Tulipotoka nilifunga mlango na kuchukua ufagio niuegemeze mahali pake, kama inavyostahili. Alfhild alinishika mkono. Ana nguvu kuliko anavyoonekana.

"Usiuweke hapo," akasema. "Watu watafikiri hatupo."

Nikauacha chini, kando ya ngazi. Sikuweza kufanya vingine.

Njiani, tulipofika kwenye daraja, saa nane na dakika kama tano, nilimsikia tena nyuma ya bega langu: "Kaka, wewe unashukia wapi?"

Mzee akajibu kwa sauti ileile ya asubuhi, "Pale utakaposhuka wewe, bibie."

Alfhild akafikiri kidogo. Akasema, "Basi sogea huku. Una baridi." Akamfunika na nusu ya blanketi lake, na hakumwambia kwamba ana mume. Tulifika nyumba ya wazee saa tisa kasoro robo. Muuguzi alimpima mbele yangu: hakuna jeraha, joto la mwili la kawaida.

Nimeulizwa kama mama huyo alilazimishwa kwa namna yoyote. Hapana. Aliposhuka kwenye basi alikuwa ameshika mkono wa mzee, na waliokuja kumpokea walilazimika kumwachisha kidole kimoja kimoja. Hilo ndilo la nguvu pekee nililoliona jana.

Nimeambiwa kuwa nyumba ya wazee inataka Edvin asimwone tena mkewe ila mbele ya mhudumu, wala asimtoe nje ya geti. Mimi si hakimu. Alidanganya, ni kweli, na mimi nilijua anadanganya nikamwendesha. Kama kuna adhabu, tugawane kama tulivyogawana maandazi. Lakini msimnyang'anye mlango. Na kwa upande wangu, tarehe 26 Januari mwakani viti viwili vya mbele nimeshaviandikia jina, na safari hii nitaomba ruhusa mwenyewe, na muuguzi akitaka kuja nafasi ipo.

Haya ndiyo maelezo yangu, niliyoyaona kwa macho na kuyasikia kwa masikio yangu. Nimesomewa, yako sawa. Mahali ambapo konstebo aliandika "nilililia kidogo kwa hasira" nimeomba neno "kidogo" lifutwe.

(Sahihi) Gunnvor Elvestad

Maelezo ya afisa: Nimeyaandika maelezo haya na kumsomea shahidi, ameyakubali na kusaini mbele yangu. Tarehe 28 Januari saa tano na nusu asubuhi nilikwenda Vessfjord kukagua eneo. Nyayo na mlango wa nyuma ni kama shahidi alivyoeleza. Sioni jinai, napendekeza jalada lifungwe, na nyumba ya wazee ipewe nakala ya maelezo haya kabla ya kuamua lolote. Nyumba ya Lorentsen haikuwa na mtu. Ufagio ulikuwa chini, kando ya ngazi. Niligonga mlango, nikasubiri kidogo, kisha nikaondoka nikiuacha ufagio ulivyo.

(Sahihi) Konstebo A. Hætta