Nyumba ya Nsemulwa na Mpunga Uliosubiri Bei

Jumatatu, 3 Februari
Nyumba yangu ya hapa Nsemulwa inapigwa mnada. Nimetoka kulisha kuku nikakuta kijana wa dalali anabandika tangazo mlangoni, gundi inachuruzika juu ya rangi niliyoichagua mwenyewe. Eti mkopo wa benki niliouwekea nyumba haujalipwa tangu Oktoba. Haujalipwa vipi? Deo analipa. Deo wangu, kifungua mimba, mhasibu wa Dar es Salaam. Hadi sokoni Majengo wanajua analipa, nimewaambia mwenyewe. Nimelibandua. Sikupika.

Jumanne, 4 Februari
Deo hapokei. Nimepiga kwa simu ya jirani, Mama Shukuru, akapokea haraka. Alipojua ni mimi, eti yuko kikaoni. Kikao gani saa moja asubuhi. Mama Shukuru anachambua mchele, masikio yote kwangu. "Wasomi wana vikao vingi, Mama Deo." Nimemrudishia simu yake. Sitamsahau.

Ijumaa, 7 Februari
Benki. Nimevaa kitenge cha Pasaka ili wasinione mtu wa kuonewa. Afisa mikopo ni binti mdogo, ana heshima. Kasema walikuwa wanatuma ujumbe kila mwezi. Kwa namba ya nani? Ya Deo. Niliiandikisha mimi mwenyewe siku ya kusaini, nilitaka waone kwamba nina mtoto. Uso umeniwaka.

Nikilipa malimbikizo yote kabla ya mnada, meneja anaweza kuusimamisha, na marejesho yapangwe upya yaangukie baada ya mavuno. "Una kitu cha kuuza, mama?"

Ninacho. Mpunga umejaa chumba cha mbele hadi dirishani. Baada ya mavuno nilitaka kuuza, Deo akasema, "Usiuze mama, subiri bei ipande, benki niachie mimi." Nikasubiri. Bei imeshuka.

Jumatano, 12 Februari
Deo kapiga mwenyewe. Hana kazi tangu Septemba, walipunguzwa. Miezi yote hii ananiambia ofisini wazima. Nimemuuliza kwa nini hakusema.

"Ungewaambia nini kanisani, mama?"

Nimekata simu. Nina hasira naye. Nina hasira zaidi kwa sababu kasema kweli.

Jumamosi, 15 Februari
Nimeuza. Habari ya mnada ilishafika soko la Majengo kabla yangu. Wanunuzi wakashusha bei huku wanacheka. "Si ulisema wewe huuzi bei ya njaa?" Nikawapimia gunia la kwanza. Mpunga nimelima shambani Kasekese kwa mgongo wangu, mashine ya kukoboa ya hapa haijawahi kutoa mchele mweupe kama ule, naandika hapa hata kama hakuna anayetaka kusikia. Umeondoka wote. Hadi wa kula.

Jumatatu, 17 Februari
Malimbikizo yamelipwa. Mnada umesimama. Nimesaini upya, kwa namba yangu. Rejesho ni mara moja kwa mwaka, kubwa, na nikishindwa tena hakuna mazungumzo. Shamba peke yake halitatosha.

Nimempigia Anna, mdogo wake Deo, mwalimu huko Kasekese. "Si nyumba ya Deo hiyo, mama? Kila siku Deo, Deo. Leo ndiyo umenikumbuka."

Nimemwambia ni nyumba yangu na ninaomba msaada. Sijawahi kumwomba mtoto kitu. Akauliza rejesho ni kiasi gani. Kisha akasema atakuja, na mumewe atakuja.

Alhamisi, 20 Februari
Mvua tangu asubuhi. Ugali na matembele. Bati langu halivuji hata tone, Mama Shukuru kaweka ndoo mbili sebuleni kwake.

Deo kapata nauli, yuko njiani. Sijui nitamtazamaje. Nitamwekea maji ya kuoga kwanza, kuongea baadaye. Tukikutana wote, kila mmoja atasema mbele ya wenzake atatoa nini kwa ajili ya rejesho. Yaliyompata Deo atayasema mwenyewe, sitamsemea tena.

Mkeka nimeufua. Wanakuja wote Jumapili, baada ya misa.