Dakika Nne za Uso Wako

Baba mkwe,

Miaka tisa tangu niolewe hapa Mpuguso, sikuwahi kukutazama usoni. Mila yetu sisi Wanyakyusa hairuhusu mkamwana na baba mkwe kuonana ana kwa ana, nasi tuliishika. Ulikuwa ukikohoa kabla ya kutokeza migombani, nami nikipisha njia. Nilijua viatu vyako na sauti yako basi. Watu wa mjini walitucheka, nawe ukasema waache wacheke, wao wanaonana kutwa na bado wanagombana.

Hata simu nilikufundisha ukuta ukiwa katikati, mimi jikoni, wewe kwenye benchi nje. Ulitaka kurekodi maandamano ya Tukuyu, ya kudai vijana waliokamatwa waachiwe. Nilikuambia ubonyeze duara jekundu, ile alama ya mishale inayogeuza kamera usiiguse.

"Nimeelewa, mama Lusajo."

Hukuelewa. Ningekaa karibu ningeona kidole chako kimegusa wapi. Hili linaniuma, au nadhani linaniuma. Siku hizi sina hakika ninasikia nini.

Ulirudi umebebwa. Waliokubeba ndio walioleta na simu.

Kuna vijana wanakusanya video walizopiga waandamanaji wenyewe, ili kesho mtu asije akasema hakukutokea kitu. Wakaomba na yako, lakini kwanza mtu wa nyumbani aithibitishe. Mwanao aliiwasha, akaizima, akatoka nje. Mama mkwe akanisogezea simu.

"Angalia wewe. Mimi siwezi."

Nikaangalia. Kamera ilikuwa imekugeukia wewe. Barabara haionekani, waliokupiga hawaonekani. Ni uso wako tu, dakika nne, unatembea, unaimba vibaya, unakunja macho kwa jua, ukiamini unatuonyesha mji. Una kovu kwenye nyusi. Lusajo amechukua kidevu chako, na hakuna aliyewahi kuniambia. Kisha kishindo, halafu mawingu mpaka mwisho. Sikulia. Nilirudi jikoni nikaendelea kumenya ndizi.

Jana nimeituma. Wakaniuliza wewe ni nani kwangu, nikaandika baba mkwe. Wakauliza kama nina uhakika huyo kwenye video ni wewe. Nikaandika ndiyo. Sikuwaambia kwamba sikuwa nimeuona uso wako kabla ya video hiyo.

Pumzika kwa amani, baba. Unisamehe kwa kukutazama.

Mkamwana wako