Kwa Nini Nilizima Filamu ya Tembo

Mjukuu wangu Neema,

Sisi hapa Walthamstow hatujambo, ila lifti imeharibika tena na yanayopanda ngazi ni magoti yangu. Nawe huko Glasgow unaniandikia Kiingereza kitupu, ukiniuliza kwa nini nilikuzimia ile filamu ya kale ya tembo wakicheza jukwaani ulipokuja kunitembelea!

Haya, sikia. Kijijini kwetu tembo wakiingia shambani tulipiga masufuria, nao wakakimbia. Nilipokuwa msichana, sarakasi ilikuja mjini. Tembo akaja upande wetu, nikatwaa sahani ya bati ya karanga, nikaigonga kwa nguvu zote. Watu wakacheka. Tembo akainuka kwa miguu ya nyuma, akacheza.

Mimi namfukuza arudi porini, yeye anacheza!

Tangu hapo, nikiona tembo anacheza, mkono wangu unatafuta sahani. Siku ile ya filamu, mkono ulikutana na rimoti.

Bibi yako