Mito Iliyoharibu Posa

Soweto West, Kibera
Jumatatu

Kaka yangu mpendwa Billy,

Pokea salamu zangu na za mama. Natumai joto la Doha limepungua na mgongo wako sasa unakuruhusu kulala. Sisi ni wazima wa mwili. Kuhusu akili sina hakika.

Uliniuliza posa yangu ilikwendaje Jumamosi. Haikwenda. Akina Naftaly walifika kutoka Kawangware na soda na wazee wa kujaza viti vyote tulivyoazima. Msemaji wao alikuwa Mzee Kimotho, baba mkubwa wa Naftaly, mwenye nyumba za kupangisha Kabiro, huko huko Kawangware. Kwa kuwa hukuwepo, upande wetu ulimwachia baba mdogo Nashon.

Mzee Kimotho alianza kwa mafumbo, kama desturi. Alisema wao ni mto uliotoka milimani, na wamesikia hapa kuna ziwa. Angeishia hapo, leo ningekuwa mchumba wa mtu. Baba mdogo akajibu kwamba ziwa letu husifiwa kwa Mto Naili linaouzaa, unaofika hadi Misri, wala si kwa vijito linavyopokea. Mzee Kimotho akacheka, akauliza maji hupandaje kwenda kaskazini. Akaambiwa ramani si ngazi. Basi! Mzee mmoja akataja Kongo unavyomwagika Atlantiki, mwingine akaapa kuwa Amazoni ndio baba yao wote. Baba mdogo akaongeza kwamba Okavango hufia mchangani Botswana, na labda ndio huo uliotoka milimani kwao. Kina mama walicheka. Mzee Kimotho hakucheka. Alisema Naili humwaga kila kitu Mediterania na hakuna tone linalorudi, na ndivyo msichana aliyeolewa anavyopaswa kuwa.

Mama aliweka birika chini. Tangu uondoke, ana mimi tu nyumbani.

Hapo wakanigeukia, eti mimi ndiye niliyesomea jiografia chuo kikuu: kuna mto unaorudi ulikotoka? Nikawaeleza kwamba Kambodia kuna Tonle Sap, unaotoka ziwani kwenda mto mkubwa wa Mekong. Mvua zikija, Mekong hufura, na Tonle Sap hugeuka ukarudi ziwani. Mzee Kimotho akasimama, akasema mtoto wao hahitaji mke wa msimu. Hata soda zilirudi Kawangware.

Billy, nimejaribu kujishawishi kwamba nilikuwa najibu swali tu. Sidhani. Ningeweza kunyamaza. Nilitaka Naftaly asikie jambo nililoshindwa kumwambia kwa miezi: masika yakianza, maji huingia humu, nami siwezi kulala Kabiro huku mama akiinua godoro peke yake. Kama ilikuwa busara au woga, bado sijui.

Naftaly alikuja jana, peke yake. Hakutaja mto wowote. Alipima kizingiti kwa shubiri, akasema atajenga ukuta mfupi wa saruji mlangoni, na kwamba wakati wa mvua tutalala hapa sote wawili, wazee wapende wasipende. Nilimkubali papo hapo, bila msemaji. Nyuma ya pazia mama alikohoa, kisha nikasikia akiwasha jiko la chai.

Tafadhali mpigie baba mdogo umweleze. Mimi akiniona tu, ataanza Mississippi.

Mama anakuombea kila jioni. Kula vizuri, na upumzishe huo mgongo.

Ni mimi dada yako,
Filister