Diwani Aliyeulizwa Habari za Mvua

Makole, Jumanne. Asubuhi ina upepo wa baridi na vumbi.

Mjukuu wangu Neema,

Marahaba. Babu yako hajambo, ni mguu tu. Umeniuliza kama uache kutengeneza kipindi chako cha sayansi ugombee ubunge. Nimebaki nimechanganyikiwa.

Nilipokuwa msichana kule Mlali, bwana shamba wetu akiulizwa kama mvua itanyesha alijibu, "Sijui, tungoje tuone." Tulimpendea ukweli huo, tukamchagua diwani. Kwenye mkutano wake wa kwanza mzee mmoja akamuuliza vilevile.

"Sijui, mzee wangu."

"Hujui? Sasa tumekuchagua wa nini?"

Watu wakacheka, wakaanza kuondoka.

"Itanyesha!" akapaza sauti. "Pandeni!"

Wakarudi kwa vigelegele. Baba akapanda mbegu zote za mtama tulizokuwa nazo.

Na mvua ikanyesha, Neema. Baada ya mavuno tulimpelekea pombe ya shukrani, hakuigusa. Mpaka leo sijui kama alitudanganya au alitutia moyo.

Kwenye kipindi chako husema, "Bado hatujui," nami hufurahi kukusikia. Jukwaani utasemaje? Siwezi kukukataza, wala kukuambia nenda.

Barua hii nimeianza asubuhi, na sasa ni saa sita usiku. Nalala.

Bibi yako