Kesi ya Mwanaidi Iliyofutwa

Jumanne, Mfungo Sita

Kosa ni langu. Nilimwambia dada yangu Mwanaidi kuwa mjane akiwa edani hatoki, hata akiitwa mahakamani. Leo kesi imeitwa, mlalamikaji hayupo, hakimu akaifuta. Ndugu wa marehemu mumewe, yule aliyempiga Mwanaidi ili ahame nyumba, amepita barazani kwangu Kariakoo: "Mwalimu, mwanishtaki kisha mwalala nyumbani?"

Karani wa mahakama alinituliza: "Kufutwa si kuachiwa huru, mzee. Andika ombi kesi irudishwe, utoe sababu ya kutofika." Shekhe naye akasema kwa dharura angeweza kutoka mchana. Sikumuuliza mapema, mimi ninayefundisha wenzangu.

Hakimu akikataa, sijui Mwanaidi atakaa wapi.

Katika ombi niliandika "alishauriwa na jamaa", nikamsomea.

"Jamaa gani, kaka? Andika jina lako."

Nimeliandika.